Maswali ya michanganyiko ya asilimia: jedwali, milinganyo miwili au msalaba?

Mwanafunzi wa sekondari anayejiandaa na mtihani wa hesabu mara nyingi hufika kwenye maswali ya michanganyiko akiwa na njia tatu mkononi. Mwalimu wa darasani alimwonyesha jedwali, mwalimu wa tuisheni akamwonyesha msalaba, na kwenye daftari la kaka yake amekuta x na y. Zote tatu zinatoa jibu lilelile, kwa hiyo hakuna anayemwambia ipi aishike na ipi aiweke pembeni. Hapo ndipo anapojichanganya: anaanza na jedwali, anarukia msalaba katikati, na dakika kumi zinamwishia kwenye swali la alama tatu.

Nitoe msimamo wangu mapema. Kama una nafasi ya kuijua njia moja tu, ijue ya jedwali lenye x moja. Msalaba ujifunze baadaye, kwa ajili ya kuhakiki majibu na kwa mitihani ya kuchagua jibu. Milinganyo miwili iache mpaka swali lenyewe likulazimishe. Maswali ya namna hiyo yapo, na nitaleta moja. Sababu zake zinaonekana vizuri tukifanya swali moja kwa njia zote.

Swali moja, njia tatu

Zahanati ina spiriti ya aina mbili. Moja ina alkoholi asilimia 90, nyingine asilimia 60. Zinatakiwa lita 12 za asilimia 70, kiwango kinachotumika sana kusafishia ngozi kabla ya sindano. Zichukuliwe lita ngapi za kila aina?

Asilimia hazijumlishwi, na hili lielewekwe kabla ya kushika kalamu. Ukimimina spiriti ya 90 ndani ya spiriti ya 60 hupati 150, na hiyo 75 ya katikati huipati ila ukiwa umechukua kiasi sawa cha kila moja. Kinachojumlishwa ni alkoholi yenyewe: iliyokuwa kwenye chupa ya kwanza na iliyokuwa kwenye chupa ya pili sasa zote zimo ndooni. Lita 12 za asilimia 70 zina alkoholi lita 8.4. Hiyo 8.4 ndiyo kiini cha swali. Jedwali linaiweka wazi, msalaba unaificha.

Jedwali lina safu tatu za kujaza, nalo hujazwa hivi:

| | Kiasi (lita) | Kiwango | Alkoholi (lita) |
|---|---|---|---|
| Spiriti kali | x | 0.9 | 0.9x |
| Spiriti nyepesi | 12 − x | 0.6 | 0.6(12 − x) |
| Mchanganyiko | 12 | 0.7 | 8.4 |

Safu ya mwisho ndiyo mlinganyo: 0.9x + 0.6(12 − x) = 8.4. Fungua mabano, 0.9x + 7.2 − 0.6x = 8.4, kwa hiyo 0.3x = 1.2 na x = 4. Spiriti kali lita 4, nyepesi lita 8.

Milinganyo miwili huanza kwa kuipa kila spiriti herufi yake. Kiasi kinatupa x + y = 12, alkoholi inatupa 0.9x + 0.6y = 8.4. Zidisha wa pili kwa 10 upate 9x + 6y = 84, zidisha wa kwanza kwa 6 upate 6x + 6y = 72, toa, inabaki 3x = 12. Jibu ni lilelile. Ukitazama vizuri utaona ni jedwali lilelile, ila ile 12 − x imepewa jina y na imebidi tuifanyie kazi ya ziada kuiondoa. Ndiyo maana sioni faida ya njia hii kwenye maswali ya kawaida. Makosa ya kutoa mlinganyo mmoja kwenye mwingine, hasa alama ya kutoa inapokutana na hasi, ni mengi kuliko makosa ya kufungua mabano mara moja.

Msalaba huchorwa hivi. Viwango viwili vinakaa kushoto, kiwango kinachotakiwa kinakaa katikati, na tofauti zinaandikwa kwa kukatiza:

```
90            10
       70
60            20
```

Kutoka 60 kwenda 70 ni 10, inaandikwa mkabala na 90. Kutoka 70 kwenda 90 ni 20, inaandikwa mkabala na 60. Uwiano wa kali kwa nyepesi ni 10 : 20, yaani 1 : 2. Sehemu tatu ni lita 12, sehemu moja ni lita 4. Kwisha.

Hakuna desimali wala mabano, na aliyezoea anamaliza kabla mwenzake hajachora mistari ya jedwali. Mwanafunzi aliyeonyeshwa msalaba mara moja hataki kusikia habari ya jedwali tena, na huwezi kumlaumu.

Kwa nini msalaba unafanya kazi

Wengi hufundishwa msalaba kama uganga: andika hapa, toa pale, jibu hilo. Sababu yake ni fupi, na asiyeijua ndiye anayebandika namba upande usio wake. Lengo ni 70. Kila lita ya spiriti kali inakuja na ziada ya pointi 20. Kila lita ya spiriti nyepesi inakuja na upungufu wa pointi 10. Ili ziada ifute upungufu, kila lita moja ya kali inahitaji lita mbili za nyepesi. Ndiyo maana tofauti zinakatiza: ziada ya mmoja inaamua kiasi cha mwenzake.

Hapo hapo unapata kipimo cha kujua kama umebandika sawa. 70 iko karibu na 60 kuliko 90, kwa hiyo spiriti ya 60 lazima iwe nyingi. Ukipata kali lita 8 na nyepesi lita 4, hata kabla ya kuhakiki unajua umegeuza.

Mbinu hii ni ya wafanyabiashara na wafua fedha kuliko ya walimu. Leonardo wa Pisa, anayejulikana zaidi kama Fibonacci, ambaye ujanani alisoma hesabu za Waarabu huko Bugia katika Algeria ya leo, alitenga sura nzima katika kitabu chake cha mwaka 1202 kwa ajili ya kuchanganya fedha na shaba za kutengenezea sarafu. Masonara nao wana hesabu hiyo hiyo. Dhahabu safi ni karati 24. Tuseme sonara anataka gramu 40 za karati 21, dhahabu inayopendwa sana nchi za Ghuba, naye ana vipande vya karati 22 na vya karati 18. Kutoka 18 kwenda 21 ni 3, kutoka 21 kwenda 22 ni 1. Atayeyusha kwa uwiano wa 3 : 1, gramu 30 za karati 22 na gramu 10 za karati 18. Karati si asilimia, lakini ni sehemu ya kitu safi ndani ya kizima, na msalaba hautaki zaidi ya hapo. Kwa hesabu kama hii, kumchorea sonara jedwali ni kumpotezea muda.

Pale msalaba unapokuingiza mkenge

Sasa tazama swali la aina inayopendwa na watunga mitihani. Mfanyabiashara ana majani ya chai ya aina mbili, moja anainunua shilingi 400 kwa kilo, nyingine shilingi 640. Anazichanganya na kuuza shilingi 600 kwa kilo, na anapata faida ya asilimia 25. Amezichanganya kwa uwiano gani?

Mwenye haraka ya msalaba anaona namba tatu, 400, 640 na 600, na mkono unajiendea wenyewe:

```
400            40
       600
640           200
```

Uwiano 40 : 200, yaani 1 : 5. Jibu zuri, halina desimali, linapendeza macho. Nalo si sahihi. Kilo moja ya bei nafuu na kilo tano za bei ghali zinamgharimu 400 + 3,200 = 3,600, kilo sita kwa 3,600 ni shilingi 600 kila kilo, na anauza 600. Faida haipo hata senti moja.

Inayotakiwa kukaa katikati ni gharama ya mchanganyiko, si bei ya kuuzia. Bei ya kuuzia ni asilimia 125 ya gharama, kwa hiyo gharama ni 600 ÷ 1.25 = 480. Rudia msalaba kwa 480: kutoka 400 ni 80, kutoka 640 ni 160. Ya bei nafuu kwa ya bei ghali ni 160 : 80, yaani 2 : 1.

Jedwali halikuachi uteleze hapo kirahisi, kwa sababu safu yake ya mwisho inadai ujibu swali: hizi ni shilingi za nini? Ukiandika kichwa cha safu kuwa "gharama", huwezi kuweka 600 bila dhamira kukusuta. Msalaba hauna vichwa vya safu. Unapokea namba yoyote utakayoulisha na kukurudishia uwiano, hata kama moja ni gharama na nyingine ni bei ya dukani. Kwangu hii ndiyo tofauti kubwa kuliko zote, kuliko hata suala la kasi.

Lipo pia suala la alama. Katika KCSE, mtihani wa kumaliza sekondari nchini Kenya, wasahihishaji hutoa alama za njia mbali na alama za jibu. Aliyeandika mlinganyo sahihi kisha akakosea kugawanya bado anaondoka na alama za njia. Aliyechora msalaba wenye namba zisizo na maelezo na kutoka na jibu lenye kosa amemwachia msahihishaji kazi ya kukisia alichokuwa anafikiri. Ukipenda kutumia msalaba kwenye karatasi ya kuandika, basi andika kwa maneno kila namba ni nini na uwiano ni wa nini kwa nini. Ukishafanya hivyo, muda uliookoa umeshapungua nusu.

Mitihani ya kuchagua jibu, kama ile ya usaili wa kazi, ni habari nyingine. Hakuna anayesoma njia yako, na dakika ni chache. Huko msalaba ndio wenyewe.

Kiasi kimoja kinajulikana, kingine hakijulikani

Kuna lita 8 za juisi yenye asilimia 25 ya tunda. Iongezwe lita ngapi za juisi nzito ya asilimia 60 ili ipatikane ya asilimia 40?

Watoto wengi hukwama hapa kwa sababu jumla haijatajwa. Wamezoea kuandika "12 − x" na sasa hakuna 12. Kwenye jedwali kisanduku cha jumla kinakuwa 8 + x, na mambo yanaendelea: 2 + 0.6x = 0.4(8 + x), inayokuwa 0.2x = 1.2, x = 6. Kwa msalaba, kutoka 25 kwenda 40 ni 15, kutoka 40 kwenda 60 ni 20, uwiano wa nyepesi kwa nzito ni 20 : 15 au 4 : 3. Nyepesi ni lita 8, nzito ni lita 6. Kwa swali hili kusema kweli napendelea msalaba, kwa sababu hauulizi jumla kabisa.

Nyumbani kwa milinganyo miwili

Nimeisema vibaya njia hii, sasa niitendee haki. Kuna maswali ambayo kiasi kinajulikana na viwango ndivyo vilivyofichwa. Mfano: ukichanganya lita 3 za dawa A na lita 2 za dawa B unapata mchanganyiko wa asilimia 38. Ukichanganya kiasi sawa cha kila moja unapata asilimia 35. Kila dawa ina nguvu asilimia ngapi?

Msalaba hauna pa kuanzia, kwa kuwa namba zinazokaa kushoto ndizo zinazotafutwa. Jedwali la x moja litakubali, lakini utahitaji majedwali mawili na utabanana. Milinganyo miwili inalimaliza bila jasho. Kutoka sentensi ya kwanza, 3a + 2b = 5 × 38 = 190. Kutoka ya pili, a + b = 70. Zidisha huu kwa 2, uutoe kwenye ule wa kwanza, a = 50 na b = 20.

Kanuni ya kuitambua: swali likiwa na michanganyiko miwili tofauti, kila mmoja na matokeo yake, andika milinganyo miwili. Likiwa na mchanganyiko mmoja tu, x moja inatosha.

Swali likiwa ni maji tu

Maswali mengi ya mitihani, na karibu yote ya maisha ya kawaida, hayachanganyi vitu viwili vyenye nguvu. Yanaongeza maji au kuyatoa. Kwa haya kuna njia ya nne iliyo nyepesi kuliko zote, nayo ni kutafuta kisichobadilika.

Chukua dawa ya klorini ya kufulia yenye asilimia 3.5. Wakati wa mlipuko wa Ebola wa 2018 hadi 2020 mashariki mwa Kongo, ndoo za maji ya klorini zilikuwa milangoni mwa hospitali, makanisa na ofisi kuanzia Beni na Butembo hadi Goma. Kiwango kinachoelekezwa kwa nyuso za vitu na sakafu ni asilimia 0.5, na kwa mikono ni 0.05. Kupata 0.5 kutoka 3.5, gawanya: 3.5 ÷ 0.5 = 7. Klorini ni ileile, ila sasa imesambaa kwenye ujazo mara saba. Sehemu moja ya dawa, sehemu sita za maji. Kupata 0.05 kutoka hiyo ya 0.5, ni mara kumi: sehemu moja kwa sehemu tisa za maji.

Kosa la kila siku hapa ni kuandika saba badala ya sita, yaani kusahau kwamba dawa yenyewe ni moja ya zile sehemu saba. Msalaba unaliepuka kosa hilo bila hata kujua: 3.5 juu, 0 chini, 0.5 katikati, na tofauti ni 0.5 : 3, yaani 1 : 6. Kwa hiyo asiyejiamini na afanye vyote viwili.

Upande wa kutoa maji, mfano ninaoupenda ni mahindi. Gunia la kilo 90 lina unyevu wa asilimia 20. Kiwango cha juu kinachokubalika sokoni Afrika Mashariki ni asilimia 13.5. Likikaushwa mpaka hapo litabaki na kilo ngapi? Jibu la haraka ni kutoa 13.5 kwenye 20, kupata 6.5, na kusema gunia limepoteza asilimia 6.5 ya 90, yaani kilo 5.85. Si kweli. Ile 20 ni asilimia ya gunia bichi na ile 13.5 ni asilimia ya gunia kavu; vizima ni viwili, na asilimia za vizima viwili hazitoani. Kisichobadilika ni mahindi yenyewe bila maji: asilimia 80 ya 90 ni kilo 72. Baada ya kukausha, hizo 72 ni asilimia 86.5 ya uzito mpya. 72 ÷ 0.865 = 83.24. Gunia limepoteza kilo 6.76.

Tofauti ya majibu hayo mawili ni kama gramu 900 kwa gunia. Kwa mkulima mwenye magunia 100 ni zaidi ya kilo 90, gunia zima linalopotea kwenye karatasi kwa sababu ya kutoa badala ya kugawanya.

Mashabiki wa msalaba watasema hata hili linawezekana, na wana haki: geuza hadithi, chukulia kwamba mahindi makavu ya unyevu 13.5 yalichanganywa na maji ya "unyevu 100" yakatoa 20, uwiano ni 80 : 6.5, na 90 × 80 ÷ 86.5 inatoa 83.24. Ni ujanja wa kupendeza. Lakini kwa mtoto anayejifunza, kugeuza hadithi kinyumenyume ni mzigo, ilhali kutafuta kilo 72 ni mistari miwili.

Vitu vitatu na zaidi

Ukiongeza spiriti ya tatu, msalaba unaanza kuchechemea. Tuseme zinatakiwa lita 11 za asilimia 70 kutoka spiriti za 90, 60 na 40, na ya 60 iwe mara mbili ya ya 40. Jedwali linaongezwa mstari mmoja tu: ya 40 ni x, ya 60 ni 2x, ya 90 ni 11 − 3x. Alkoholi: 0.4x + 1.2x + 9.9 − 2.7x = 7.7, kwa hiyo 1.1x = 2.2, x = 2. Lita 2, lita 4 na lita 5. Kwa msalaba ungelazimika kwanza kuunganisha zile mbili nyepesi upate kiwango cha 53⅓, na uzuri wake wa haraka unaishia hapo.

Mfano wa kweli ni dawa ya kusafishia mikono ya Shirika la Afya Duniani, ambayo wengi tuliijua wakati wa korona. Kwa lita 10 inataka mililita 8,333 za ethanoli ya asilimia 96, mililita 417 za haidrojeni peroksaidi ya asilimia 3, mililita 145 za gliseroli ya asilimia 98, kisha maji. Ukipitia safu moja moja utaona namba hizo za ajabu zilikotoka. 8,333 × 0.96 ni 8,000, ndiyo asilimia 80 ya lita 10. 417 × 0.03 ni 12.5, ndiyo asilimia 0.125. Gliseroli ni 142, karibu asilimia 1.4. Mapishi hayo hayatoi idadi ya mililita za maji. Yanaelekeza ujaze hadi alama ya lita 10. Sababu ni kwamba alkoholi na maji vikichanganywa husinyaa: mililita 50 za kimoja na 50 za kingine hazifiki 100. Maswali ya shule hujifanya hayajui hilo, na kwa mtihani nasi tujifanye hatujui.

Mzazi anayesaidia mtoto wa shule ya msingi

Mtoto ambaye hajaanza x bado anaweza kufanya swali la zahanati. Mwambie achukue nusu kwa nusu kwanza: lita 6 na lita 6. Alkoholi ni 5.4 na 3.6, jumla lita 9. Tunataka 8.4, imezidi kwa 0.6. Kila akibadilisha lita moja ya kali kwa lita moja ya nyepesi, alkoholi inapungua 0.3. Abadilishe lita mbili. Amefika 4 na 8 kwa kujumlisha na kutoa tu, na ameelewa ziada na upungufu kuliko kaka yake mwenye msalaba. Usimfundishe msalaba mapema. Akishaupata hatarudi nyuma kuuliza sababu.

Swali la muuza maziwa

Limebaki moja, nalo halimo katika njia tatu za mwanzo. Muuza maziwa ana dumu la lita 20 za maziwa safi. Anachota lita 5, anajaza maji. Kisha anachota tena lita 5 za kilichomo, anajaza maji tena. Maziwa yamebaki asilimia ngapi?

Wengi husema 50, kwa kuwa 5 na 5 ni 10 na 10 ni nusu ya 20. Lakini mara ya pili hakuchota maziwa matupu, amechota mchanganyiko, na ndani ya zile lita 5 maziwa ni lita 3.75. Unaweza kujaza jedwali mara mbili, moja kwa kila mchoto, na utafika salama. Njia fupi ni kuangalia kinachobaki: kila mchoto unaacha robo tatu ya maziwa yaliyokuwemo. Robo tatu ya robo tatu ni 9/16, yaani asilimia 56.25. Msalaba hapa usiuguse, na milinganyo miwili haina kazi. Zidisha robo tatu kwa robo tatu, robo tatu moja kwa kila mchoto, basi: akirudia mara ya tatu dumu lina maziwa asilimia 42 na ushei, na ya nne, chini ya theluthi.